Siku 21, Peso 149: Hesabu ya Filamu za Wakubwa za Ufilipino

Siku saba za maandalizi, siku saba za kupiga picha, siku saba za kuhariri na kuweka sauti. Ukijumlisha unapata siku 21, na filamu inapelekwa kumbini. Ndivyo Good Harvest, tawi la kampuni kongwe ya Regal Films ya Manila, lilivyofanya kazi mwishoni mwa miaka ya 1990. Wenyewe waliuita mtindo huo pito-pito, saba kwa saba. Bajeti yake ilikuwa takriban peso milioni 2.5 kwa filamu, wakati filamu ya kawaida ya siku zile ilivuka milioni 10. Humo ndimo alimoanzia Lav Diaz, mwongozaji ambaye leo dunia inamjua kwa filamu za saa nane na zaidi. Na humo ndimo zilimotoka baadhi ya filamu za wakubwa zinazokumbukwa mpaka sasa: Pila Balde ya Jeffrey Jeturian na Hubad sa Ilalim ng Buwan ya Diaz mwenyewe, zote za mwaka 1999.

Mtazamaji wa Afrika Mashariki anaijua Ufilipino zaidi kwa tamthilia za mapenzi za jioni, zenye machozi, urithi uliodhulumiwa na harusi katika sehemu ya mwisho. Filamu ninazozungumzia ni ndugu wa tamthilia hizo ambao hawaalikwi sebuleni. Zina hadithi, zina waigizaji wa kulipwa, zinapita (au zilikuwa zinapita) kwenye bodi ya ukaguzi, na zina matukio ya faragha ambayo ndiyo yanayouza tiketi. Kila kizazi kimezipa jina lake: bomba katika miaka ya 1970, bold baadaye, ST katika miaka ya 1990. Na kila kizazi kimewaona waigizaji wake wakitukanwa na watu walewale waliojaza kumbi.

Nimezitazama kwa muda mrefu nikitafuta kinachozileta, na jibu lililosimama imara kuliko mengine ni bei. Filamu hizi hufurika wakati pesa inapokuwa ngumu, kwa kuwa ndizo za bei nafuu kutengeneza na ndizo zenye uhakika wa mteja. Na unafuu huo haukutoka hewani. Waigizaji ndio walioulipa, wanawake wakilipa zaidi.

Tuweke mawimbi ya filamu hizo kando ya hali ya uchumi. Februari 1970 serikali ya Ferdinand Marcos iliiachia peso ielee, na thamani yake ikaanguka kutoka peso 3.90 kwa dola hadi zaidi ya 6 kabla mwaka haujaisha. Mwaka huohuo ilitoka Uhaw, akiigiza Merle Fernandez, filamu inayotajwa sana kuwa ndiyo iliyofungua mlango wa bomba. Oktoba 1983, wiki chache baada ya kiongozi wa upinzani Benigno Aquino kuuawa uwanja wa ndege, nchi ilishindwa kulipa madeni yake ya nje. Peso ilishushwa hadi 14 kwa dola, Juni iliyofuata hadi 18. Bei za bidhaa zilipanda kwa takriban asilimia 50 mwaka 1984, na uchumi ukasinyaa kwa zaidi ya asilimia 7 mwaka huo, na tena kwa kiasi hichohicho mwaka uliofuata. Ndiyo miaka ya Boatman, Scorpio Nights, Private Show na Silip. Julai 1997 msukosuko wa fedha wa Asia uliikuta peso ikiwa 26 kwa dola. Wastani wa mwaka 1998 ulikuwa karibu 41. Ndipo pito-pito ikashika kasi. Mwaka 2020 korona ilipunguza uchumi kwa takriban asilimia 9.5, na Januari 2021 ukazaliwa mtandao wa filamu wa Vivamax.

Mawimbi manne, misukosuko minne. Sisemi kwamba peso ikianguka nguo nazo zinaanguka. Mwaka 1974, kwa mfano, mwongozaji Celso Ad. Castillo katika filamu yake alimwingiza baharini Gloria Diaz, Mfilipino wa kwanza kutwaa taji la Miss Universe, akiwa na kamisi nyeupe iliyolowa, na msukumo wa filamu hiyo ulikuwa mwingine kabisa: sheria ya kijeshi iliyotangazwa Septemba 1972 ilikuwa imezifuta bomba, na nguo iliyolowa ilikuwa njia ya kuonyesha bila kuvua. Lakini mara nne katika nusu karne ni nyingi mno kuziita bahati tu.

Kwa nini ziwe nafuu? Tuanze na mkanda wenyewe. Kabla ya kamera za dijitali, filamu ya milimita 35 ilikuwa ikila zaidi ya mita 27 za mkanda kwa dakika moja. Rola ya mita 305 inakwisha kwa dakika 11. Filamu ya dakika 90 inahitaji karibu mita 2,470, hapo ikiwa hakuna anayekosea hata neno moja. Ukipiga kila tukio mara tatu tu, ambayo ni kubana sana, unafika mita 7,400, yaani rola 25. Mkanda huo wote ulitoka nje ya nchi na ulilipiwa kwa dola. Peso milioni 2.5 zilikuwa dola 96,000 katikati ya 1997. Mwaka uliofuata zilikuwa dola 61,000. Mtayarishaji hakuweza kushusha bei ya mkanda. Alichoweza kushusha ni siku, seti, magari, na majina makubwa.

Filamu ya mapigano inataka risasi, magari ya kuharibu na watu wa kuruka kutoka ghorofani. Filamu ya mapenzi ya kawaida inataka nyota wawili ambao ujira wao peke yake unaweza kumeza bajeti nzima ya pito-pito. Filamu ya wakubwa inataka chumba, kitanda, taa chache na msichana mgeni ambaye hajui bado nguvu ya kusema hapana. Anayeanza hana bei ya kudai. Mvuto wa filamu umehamishwa kutoka kwenye jina na kuwekwa kwenye mwili, na mwili wa mgeni ni rahisi kuliko jina la nyota.

Halafu kuna kodi. Sheria ya Serikali za Mitaa ya 1991 iliruhusu mikoa na miji kutoza kodi ya burudani hadi asilimia 30 ya mapato ghafi ya mlangoni. Tuchukue kila peso 100 za tiketi. Thelathini zinakwenda mjini. Sabini zinazobaki, kwa desturi ya biashara hiyo, hugawanywa nusu kwa nusu kati ya mwenye ukumbi na mtayarishaji. Mtayarishaji anaondoka na 35, na bado hajalipa matangazo wala nakala. Kwa hesabu hiyo filamu ya milioni 2.5 inahitaji mapato ya mlangoni ya milioni 7.1 kurudisha gharama. Filamu ya milioni 12 inahitaji zaidi ya milioni 34. Serikali iliyokuwa ikilalamika kuhusu filamu chafu ndiyo hiyohiyo iliyokuwa ikichukua karibu theluthi ya mapato, na kwa kufanya hivyo iliwabana watayarishaji waende kwenye filamu isiyoweza kupata hasara. Kodi ilishushwa hadi asilimia 10 mwaka 2009, wakati kumbi nyingi za mitaani zilikuwa zimekwisha kufungwa na utengenezaji wa filamu ulikuwa umeporomoka kutoka takriban 200 kwa mwaka hadi chini ya 100.

Niingie sasa ndani ya filamu moja, maana bila hivyo hesabu hizi zinakuwa mifupa mitupu. Scorpio Nights ya Peque Gallaga, mwaka 1985, inakaa karibu yote ndani ya nyumba moja ya mbao ya kupangisha mjini Manila, mji wenye zaidi ya watu 40,000 kwa kila kilomita ya mraba. Juu anaishi mwanafunzi. Chini wanaishi mlinzi wa usiku na mkewe. Sakafu ya mwanafunzi ina tundu. Anajilaza kifudifudi na kuchungulia: mlinzi anarudi kazini, anavua mkanda wa bastola, anakula wali kimya, anamwendea mkewe bila neno, analala. Mke hapewi salamu. Kesho vilevile. Baada ya siku kadhaa mwanafunzi anashuka ngazi.

Seti moja, watu watatu, tundu moja. Kwa upande wa gharama, ni filamu ya kubana matumizi. Kwa upande wa maana, ni nchi nzima mwaka wa mwisho wa Marcos: mtu anayetazama kutoka juu, mtu mwenye silaha anayerudi nyumbani amechoka, na mtu wa chini ambaye kila mmoja anamtumia. Umasikini hapa hauhubiriwi. Unaonekana kwenye ubao mwembamba unaotenganisha familia mbili, ambako siri haiwezekani kwa sababu nafasi yenyewe haipo.

Na mwisho wake, ambao ni wa damu, una mizizi kwenye sheria. Kanuni ya Adhabu ya Ufilipino, iliyoanza kutumika 1932, inampa mke mzinzi kifungo cha kuanzia miaka miwili, miezi minne na siku moja hadi miaka sita. Mume anayeweka hawara ana kiwango cha juu cha miaka minne na miezi miwili, na ushahidi unaotakiwa dhidi yake ni mzito zaidi. Kifungu cha 247 kinaenda mbali: mwenzi wa ndoa anayemfumania mwenzake na kuua papo hapo haendi jela, anahamishwa tu makazi, akae umbali usiopungua kilomita 25 na usiozidi 250. Weka hayo pamoja na ukweli kwamba Ufilipino, ukiacha Vatikani, ndiyo nchi pekee isiyo na sheria ya talaka kwa raia wake wote (Waislamu wana kanuni yao), na kwamba karibu wanane katika kila kumi ni Wakatoliki. Utaelewa kwa nini hadithi ya mke aliyenaswa kwenye ndoa imetengenezwa na kutengenezwa tena: Scorpio Nights 2 mwaka 1999, ya 3 mwaka 2022. Kwa mtazamaji wa Manila hiyo ni habari ya jirani.

Sehemu inayoniuma zaidi katika historia hii ni ya jengo. Imelda Marcos, mke wa rais, alitaka Manila iwe na tamasha la filamu la kimataifa, na ukumbi wake ukajengwa ufukweni kwa mfano wa hekalu la Kigiriki. Ilikuwa lazima ukamilike Januari 1982. Maelfu ya vibarua waligawanywa zamu usiku na mchana. Alfajiri ya tarehe 17 Novemba 1981 jukwaa la ujenzi liliporomoka na watu wakaangukia kwenye saruji mbichi. Idadi ya waliokufa inabishaniwa hadi leo. Inayotajwa sana ni 169. Tamasha lilifunguliwa kwa wakati.

Fedha za serikali zilipokauka, tamasha la pili la 1983 lilijiendesha kwa kuuza tiketi za filamu za ngono zisizokatwa. Baadaye taasisi ya serikali ya filamu, iliyoundwa 1982 na kuongozwa na Imee, binti wa rais, iliendelea kuonyesha katika jengo hilo filamu ambazo zisingeruhusiwa kwenye ukumbi mwingine wowote nchini. Taasisi hiyohiyo iligharimia Himala na Oro, Plata, Mata, kazi mbili ambazo Wafilipino wanazihesabu miongoni mwa bora walizowahi kutengeneza. Kwa hiyo serikali ile ilikuwa na mikono miwili. Mmoja ulimlazimisha Ishmael Bernal abadilishe jina la Manila by Night na kufuta kila mahali neno Manila linapotajwa, kwa sababu filamu ilionyesha makahaba, wauza dawa za kulevya na mashoga wa mji ambao mke wa rais alikuwa gavana wake. Mkono mwingine ulikusanya viingilio mlangoni.

Mwongozaji Lino Brocka alilielewa hilo kuliko wengi. Insiang yake ya 1976, kuhusu binti wa mtaa wa mabanda wa Tondo anayebakwa na hawara wa mama yake, ilikuwa filamu ya kwanza ya Kifilipino kuonyeshwa Cannes, mwaka 1978. Ina maudhui ya filamu ya wakubwa na haina hata robo ya uchu wake. Marcos alipoondoka, Brocka aliteuliwa kwenye tume ya kuandika katiba mpya, akajitoa kabla kazi haijaisha. Lakini anatajwa kama aliyesukuma uhuru wa kujieleza kwa sanaa uingizwe katika Ibara ya Tatu, kando ya uhuru wa kusema na wa vyombo vya habari. Mwaka 1988 akatoa Macho Dancer, juu ya vijana wa kiume wanaouza miili kwenye vilabu vya Manila.

Kuhusu gharama za upande wa mwigizaji, filamu iliyozihesabu kwa uaminifu ni Tuhog ya Jeturian, mwaka 2001. Mama na binti wa kijijini wamebakwa na mtu wa nyumbani mwao. Watengenezaji wa filamu wanafika kutoka mjini na heshima zote, wanawahoji, wanawalipa kidogo, wanaondoka na hadithi. Ndani ya Tuhog tunaonyeshwa filamu waliyoitengeneza: mateso yamegeuzwa tamaa, kilio kimegeuzwa mguno. Kisha mama na binti wanakwenda mjini kununua tiketi na kukaa gizani kujitazama. Armando Lao, aliyeandika, aliipanga ili mtazamaji aliyekuja kutazama miili akute anatazama watu waliofanywa miili. Miaka minne kabla yake, mwaka 1997, sheria ya nchi ilikuwa imeuhamisha ubakaji kutoka kundi la makosa dhidi ya usafi wa mwanamke na kuuweka kwenye makosa dhidi ya mtu. Tuhog inaonyesha kwamba sinema ilikuwa bado haijahama.

Katika hiyo filamu ya ndani anaigiza Jaclyn Jose. Yeye ndiye ninayemrudia kila ninaposikia mtu akisema waigizaji wa filamu hizi hawana kipaji. Mwaka 1985 aliigiza katika Private Show kama mwanamke anayefanya ngono jukwaani mbele ya wateja. Chito Roño, aliyeiongoza, hakuweka hata jina lake halisi. Alijiita Sixto Kayko. Jaclyn Jose hakuwa na jinsi ya kujificha. Sura yake ndiyo iliyokuwa kwenye bango. Mei 2016, miaka 31 baadaye, alisimama Cannes kupokea tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwa Ma' Rosa ya Brillante Mendoza, Mfilipino wa kwanza kuipata. Alifariki Machi 2024 akiwa na miaka 60.

Wanaume walivuka kwa wepesi zaidi. Daniel Fernando, yule mwanafunzi wa Scorpio Nights, alichaguliwa mwaka 2019 kuwa gavana wa Bulacan, mkoa wenye watu milioni 3.7. Coco Martin alitokea katika Masahista ya 2005, akiigiza kijana anayekanda wateja wa kiume na kuwauzia zaidi ya kukanda. Kuanzia 2015 hadi 2022 aliongoza tamthilia ya Ang Probinsyano yenye sehemu 1,696, ikitazamwa na familia nzima baada ya chakula cha jioni. Yupo mwanamke aliyevuka vilevile, Vilma Santos, ambaye baada ya Burlesk Queen ya 1977 alikuja kuwa meya, kisha gavana wa Batangas. Ila yeye alikuwa nyota tangu utoto, na aliingia kwenye filamu ile akiwa na jina lililokwisha kujengwa. Walioanzia chini ni kina Pepsi Paloma, Coca Nicolas na Sarsi Emmanuelle, wasichana wa miaka ya 1980 ambao meneja wao aliwabandika majina ya soda kama bidhaa za dukani. Pepsi Paloma alikufa mwaka 1985, akiwa bado msichana mdogo.

Bodi ya ukaguzi nayo ina takwimu zake. Amri ya Rais namba 1986, iliyosainiwa Oktoba 1985, iliunda MTRCB: mwenyekiti, makamu wake na wajumbe 30, wote wakiteuliwa na rais. Inaweza kuizuia filamu kwa kuwa inaivunjia nchi heshima, kipimo kipana kiasi cha kumeza karibu kila filamu inayoonyesha umasikini. Nguvu zake zilionekana Machi 2001. Gloria Macapagal Arroyo alikuwa na miezi miwili tu Ikulu, akiwa ameingia kwa maandamano yaliyobarikiwa na Kardinali Jaime Sin. Kardinali akalalamikia Live Show ya Jose Javier Reyes, filamu kuhusu watu wanaofanya ngono jukwaani kwa ujira ili walishe familia. Bodi ilikuwa imeshaipitisha kwa wenye miaka 18 na kuendelea. Rais akaizuia, na mwenyekiti wa bodi, msomi Nicanor Tiongson, akajiuzulu.

Pamoja na hayo, kisu kikali kuliko cha bodi kilikuwa cha duka. Maduka makubwa ya SM, yenye kumbi nyingi za sinema kuliko mwendeshaji mwingine nchini, yaliamua mwanzoni mwa miaka ya 2000 kutoonyesha filamu yoyote ya daraja la miaka 18. Hakuna amri iliyosainiwa. Mtayarishaji aliyepewa daraja hilo alijua tu kwamba sehemu kubwa ya soko imefungwa, akarudi chumba cha kuhariri kukata mwenyewe. Filamu za wakubwa zilizobaki zikahamia kwenye matamasha ya nje. Serbis ya Mendoza, mwaka 2008, inaishi ndani ya ukumbi mchakavu wa Angeles City, mji uliokua kando ya kambi ya anga ya Wamarekani. Ukumbi unaitwa Family, unaonyesha filamu za ngono, na familia inayoumiliki inalala, inapika na kugombana humohumo huku vijana wakiuza miili kwenye viti vya nyuma. Ilikuwa filamu ya kwanza ya Ufilipino kushindania tuzo kuu ya Cannes tangu 1984.

Kisha kumbi zikafungwa zote. Machi 2020 hadi Novemba 2021, Manila haikuwa na sinema kwa karibu miezi 20. Tarehe 29 Januari 2021, katikati ya ukame huo, kampuni ya Viva ilifungua Vivamax: peso 149 kwa mwezi, au 399 kwa miezi mitatu. Kima cha chini cha mshahara wa Manila kilikuwa peso 537 kwa siku. Kwa hiyo mwezi mzima wa filamu uligharimu kazi ya saa mbili na dakika kumi na tatu hivi. Tiketi moja ya ukumbini, tukiichukulia kuwa peso 300, ingekula zaidi ya nusu ya siku, bila nauli. Kwa kila wateja 100,000 waliolipa bei hiyo, kampuni ilikusanya peso milioni 14.9 kwa mwezi kabla ya makato, na ilikwepa kodi ya mlangoni, mgao wa mwenye ukumbi na katazo la duka. Ilimkwepa hata mkaguzi, maana amri ya 1985 inataja filamu za kumbini na televisheni. Intaneti haikuwa imefikiriwa.

Mteja naye amebadilika. Hakai tena kwenye ukumbi wenye harufu ya sigara katika mtaa wa Quiapo, Manila. Ana simu. Anaweza kuwa mmoja wa Wafilipino zaidi ya milioni mbili wanaofanya kazi ng'ambo, Saudi Arabia ikiongoza kwa kuwapokea, baadhi yao wakiishi Ghuba katika vyumba vya pamoja kama wanavyoishi ndugu zetu kutoka Kenya, Uganda na Tanzania, usiku wakijifunika shuka na kuwasha kioo kidogo. Mtazamaji mpweke wa aina hiyo anataka kitu kipya mara kwa mara, na mtandao umemzoesha kupata filamu mpya karibu kila wiki. Taya ya 2021 ilimpa umaarufu AJ Raval. Silip sa Apoy ya 2022, iliyoandikwa na Ricky Lee, Msanii wa Taifa, ilimpa Angeli Khang nafasi ya kuigiza mke anayepigwa na mumewe, na akaigiza kweli. Mwishoni mwa 2024 jina likawa VMX.

Hesabu inayonikera ni hii. Mtandao unauza tena na tena kazi ileile: filamu ya 2021 bado inavuta mteja leo, na video zilizokatwa kutoka humo zinazunguka bure kwenye simu za watu. Mwigizaji, kwa kawaida, amelipwa ujira wa mara moja. Zamani filamu ya pito-pito ilikaa ukumbini wiki mbili ikaondoka, na msichana aliyeolewa mkoani aliweza kutumaini kusahaulika. Sasa hakuna kusahaulika, na bei ya kutosahaulika haikuwekwa kwenye mkataba. Mkataba wa haki ungeorodhesha kila tukio la faragha kabla ya siku ya kwanza, ungempa mwigizaji haki ya kubadili nia bila kukatwa malipo, na ungempa asilimia kwa kila mwaka filamu inapoendelea kuuzwa.

Hatua moja imepigwa, na ilitokana na kifo. Eddie Garcia, mwigizaji mkongwe wa miaka 90, alijikwaa kwenye waya akipiga picha Juni 2019, akafariki siku chache baadaye. Mei 2024 sheria yenye jina lake ilisainiwa: kazi ya kawaida ni saa nane kwa siku, ikilazimu zisizidi 14, na jumla ya wiki isizidi 60. Rudisha hilo kwenye ratiba ya saba kwa saba. Wiki moja ya kupiga picha sasa ina saa 60, na filamu ya dakika 90 ndani yake inadai dakika moja na nusu iliyokamilika kila saa, pamoja na muda wa kupanga taa, kubadili nguo na kula. Mtayarishaji anayetaka kubaki kwenye wiki hiyo moja atapunguza matukio au ataongeza wiki ya pili. Akiongeza wiki ya pili analipa ujira wa wiki ya pili, kwa mpiga picha, kwa mbeba taa, na kwa msichana aliyelala kwenye kile kitanda.